Kula choma kwa miguu Mwanza: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Maswali haya tumeyaokota kwenye simu, kwenye meseji za WhatsApp na njiani, mengine yakiulizwa na mtu ambaye tayari ana mfupa mkononi. Anayejibu ni yuleyule anayewatembeza, kwa hiyo msitegemee majibu ya karani. Nikiwa na upande wangu nitausema.

Haya matembezi ni nini hasa?

Ni jioni moja ya kutembea kutoka Mwaloni Kirumba hadi katikati ya jiji, mkiwa watu wasiozidi wanane na kiongozi mmoja, mkisimama kwenye majiko ya mkaa manne au matano na kuonja kidogo kila mahali. Samaki kwanza, nyama baadaye. Kati ya jiko na jiko kuna mawe, mto, soko, ziwa na maneno mengi.

Shikeni hilo neno "kuonja". Zamani nilikuwa namwachia kila mtu aagize anavyotaka. Bwana mmoja aliyetoka Dodoma akamaliza sato mzima peke yake kituo cha kwanza, na ugali wake, na soda mbili. Tulipofika mtoni akaomba akae kidogo. Hakuinuka tena; tukamtafutia bajaji, na mbuzi hakumwona. Siku hizi naagiza mimi, nagawa mimi, na anayenuna namwachia mkia.

Mimi natoka Dar, nyama choma nimekula mpaka basi. Huko kuna jipya gani?

Swali hili huja na dharau kidogo, na likitoka kwa Mzaramo tunalipokea kwa kicheko kwa sababu ni mtani wetu.

Jipya la kwanza ni samaki. Dar mnakula sato aliyesafiri kwenye barafu zaidi ya kilomita elfu moja. Hapa unamwona anashuka kwenye mtumbwi, unamchagua, na jua halijazama yuko juu ya wavu. La pili ni ng'ombe wenyewe. Usukumani ni nchi ya mifugo. Nyama inayofika kwenye bucha zetu mara nyingi ni ya ng'ombe na mbuzi waliotembea malishoni maisha yao yote. Ina ukakamavu. Anayetaka nyama ya kuyeyuka mdomoni bila kutafuna atatulaumu. Anayependa nyama yenye ladha ya nyama atarudi.

La tatu ni kwamba hatukai. Choma tuliyoizoea Watanzania ni ya kuketi: meza, kreti, muziki mkubwa, na nyama inayochukua saa nzima huku unaambiwa "inakuja bosi". Ukitembea, hiyo saa ya kusubiri unaipata bure. Mchoma anaweka mguu wa mbuzi motoni, sisi tunazunguka mji, tunarudi ukiwa tayari.

Njia yenyewe inapita wapi?

Tunakutana saa kumi jioni Mwaloni Kirumba. Mwalo ni pale mitumbwi inapotia nanga na kushusha mzigo. Ukisema "mwaloni" Mwanza kila dereva wa bodaboda anajua. Hapo ndipo penye soko kubwa la samaki na dagaa. Utaona magunia ya dagaa yamepangwa kama ukuta, mengine safari yake haiishii nchini, yanavuka mpaka hadi Kongo. Harufu ni kali, sitakudanganya. Dakika kumi za kwanza watu hufunika pua, baada ya hapo husahau.

Kutoka hapo tunashika barabara ya Makongoro kuelekea mjini. Ndiyo, jina ni lile lile la supu ya kwato, na ndiyo, kila kundi lina mtu wa kusema kwamba barabara hii ingefaa kuwa na mchuzi. Tunavuka mto Mirongo, ambao hupita katikati ya jiji ukibeba kila kitu jiji linachotupa, kisha tunaingia Makoroboi. Mahali hapa palipewa jina na mafundi waliogeuza makopo matupu kuwa koroboi, zile taa ndogo za mafuta ya taa. Leo wamachinga wa nguo na vyombo wamejaa tele. Napenda kusimama pale dakika chache, kwa sababu majiko mengi ya mkaa mnayoyaona mitaani yana asili hiyohiyo: bati lililokwisha kazi moja likapewa nyingine. Pipa la mafuta likipasuliwa katikati na kulazwa, ni jiko la kuchomea mbuzi.

Kabla jua halijazama tunafika Kamanga, kwenye kivuko kinachokwenda upande wa Sengerema. Kando yake ndipo lilipo Jiwe la Bismarck, lile linalosimama juu ya mawe mengine majini kama limewekwa na mtu mwenye haraka. Jina la chansela wa Ujerumani lilibandikwa enzi za ukoloni na mpaka leo halijabanduka. Jua hapa huzama kama saa moja kasoro dakika kumi, likishukia upande wa ziwa, na huo ndio wakati pekee ambao kundi lote hunyamaza bila kuombwa.

Baada ya hapo ni giza, taa, na nyama.

Ni umbali gani? Mzee wangu ataweza?

Ukijumlisha vichochoro ni kama kilomita nne hadi tano, na tunazitembea kwa saa nne au zaidi, kwa hiyo si mbio. Njia kuu ni tambarare. Mwanza ni jiji la miamba na nyumba zimepanda milimani kama mbuzi, lakini huko juu hatupandi usiku. Mzee anayekwenda sokoni kwa miguu ataweza. Akichoka, bajaji ipo kila kona na tunamtanguliza kituo kinachofuata akatushikie viti.

Nivae nini?

Viatu vilivyofunikwa. Mwaloni chini kuna maji ya samaki, na kandambili zitakufanya uteleze mbele ya watu. Nguo nyeupe waachie wa harusi. Moshi wa mkaa na mafuta ya nyama vitarudi na wewe nyumbani.

Tunakula samaki gani? Mimi nawachanganya.

Hapa naomba nafasi.

Sato ndiye mfalme wa wavu. Ni samaki wa magamba, bapa, nyama yake nyeupe na imara, na anaenea kwenye sinia. Mama anayetuchomea humchanja chale tatu au nne kila ubavu, anamsugua chumvi, ndimu, kitunguu saumu na tangawizi, anampaka mafuta kidogo, kisha anamlaza kwenye wavu ambao umeshapata moto. Huyo mama ana sheria moja: sato anageuzwa mara moja tu. Ukimgeuzageuza, ngozi inabaki kwenye chuma na wewe unabaki na makombo. Mgeni akianza kuchokonoa kwa uma, atapigwa kijiko cha mkono, kwa upendo.

Sangara ni habari nyingine. Si mwenyeji. Alipandikizwa ziwani miaka ya 1950 na 1960, na ni samaki anayeweza kufika urefu wa mita mbili na kilo mia mbili. Alipoongezeka aliwala furu, wale samaki wadogo wa rangirangi ambao wazee wetu walikua wakiwala kila siku, na aina nyingi za furu zikatoweka kabisa. Kuna jambo watu hawalifikirii: furu alikaushwa juani, basi. Sangara ana mafuta mengi na mwili mkubwa, jua peke yake halimwezi. Anataka kukaangwa au kubanikwa kwa moshi. Kwa hiyo alipokuja sangara, kuni nazo zikaanza kuisha ufukweni. Ukisimama mbele ya jiko la samaki Mwanza, moshi unaouvuta una historia ndani yake.

Vilipofunguliwa viwanda vya minofu, mnofu ukaanza kupanda ndege kwenda Ulaya, na kwetu kikabaki kichwa na mgongo. Hayo ndiyo mapanki. Watu wengi hapa wamesomeshwa kwa mapanki ya kukaanga. Wengine hawapendi yatajwe mbele ya wageni, wanaona ni aibu. Mimi nayataja, na kama siku hiyo yapo tunaonja, kwa sababu nyama iliyoshikamana na mfupa wa sangara ni tamu kuliko mnofu wenyewe. Hata mabondo, yale mafuko ya hewa ya sangara, hutayaona kwenye sinia: yanakaushwa na kuuzwa ghali kwenda China.

Dagaa hawachomwi, ila tunawaonja wa kukaanga, wakavu, na pilipili na ndimu, kama wengine wanavyokula karanga. Muulize muuzaji walianikwa wapi. Waliokaushwa kwenye kichanja ni safi. Waliokaushwa mchangani watakusaga meno.

Kamongo nitakuonyesha sokoni akiwepo. Kula ni hiari. Anafanana na nyoka na kuna wasiomgusa kabisa, lakini wenye ujasiri humsifu.

Nimetoka Kisumu. Ni samaki walewale?

Ni walewale, ziwa ni moja. Mnayemwita mbuta sisi ni sangara, ngege wenu ni sato wetu, na omena ni dagaa. Waganda nao humwita dagaa mukene. Utakuwa nyumbani, isipokuwa ugali wetu unaweza kuwa na muhogo ndani, na kachumbari yetu inakuja na pilipili bila kuulizwa.

Nitajuaje samaki ni mbichi kweli na si wa juzi?

Mtazame macho: yawe angavu na yamejaa, si kama kioo chenye vumbi. Funua matamvua, yawe mekundu. Bonyeza ubavu kwa kidole. Nyama ikirudi, ni wa leo. Ikibaki shimo, mwachie mwenyewe. Tunafanya zoezi hili pamoja mwaloni na wauzaji wameshatuzoea, ingawa kuna dada mmoja hutuuliza kila mara kama tumekuja kununua au kufanya mtihani.

Jambo jingine: hatununui samaki wachanga. Sheria ya uvuvi hairuhusu sato wa chini ya sentimita 25 wala sangara wa chini ya sentimita 50. Samaki akienea kiganjani, hata awe bei ya bure, tunampita.

Na nyama je? Tunakula nyama gani?

Mbuzi ndiye mlengwa. Tunakula pia mishikaki ya ng'ombe, na kama kundi linapenda, firigisi na kuku wa kienyeji.

Nyama choma nzuri hainunuliwi kwenye karatasi ya menyu. Inanunuliwa kwa macho, kwenye bucha ya baa, ikiwa imening'inia. Ndiyo maana kituo cha nyama kinaanza kwa kusimama, si kwa kukaa. Unatafuta muhuri wa mkaguzi kwenye mwili wa nyama. Unaamua sehemu: mbavu kwa anayependa mafuta na kuguguna, mguu kwa anayetaka minofu, shingo kwa anayejua. Unasema kilo ngapi, inapimwa mbele yako, ndipo inakwenda jikoni. Na hapo mtu mmoja katika kundi anabaki na jukumu la kuikumbuka nyama yetu kwa sura.

Unacheka? Niliwahi kulipia mguu mzima mahali fulani, tukaenda kuzungushwa na stori, kikaja kitu chenye mifupa ya mbuzi watatu tofauti. Sikugombana, nilikuwa na wageni. Lakini tangu siku ile mguu wetu unachanjwa alama kabla haujaondoka kwenye mizani, na mahali pale hatupiti.

Mchoma mwenyewe ni fundi. Angalia anavyopanga mkaa: mwingi upande mmoja, kidogo upande wa pili, nyama ianze kwenye joto la pole na imalizie kwenye ukali. Anairushia maji ya chumvi kila inapoanza kukauka. Mafuta yanadondokea mkaani, moshi unapanda, nyama inaunywa. Mbuzi akichomwa kwa haraka anaungua nje na kubaki mbichi mfupani. Ndiyo sababu saa nzima si uvivu wa jikoni. Ukimuuliza mchoma mzuri "bado?" mara tatu, anaipunguza mwendo makusudi. Nimeshuhudia.

Kwa nini mkaa? Si tunaambiwa tuhamie kwenye gesi?

Tunaambiwa, na ni kweli. Mkakati wa taifa wa nishati safi ya kupikia wa 2024 hadi 2034 unataka asilimia 80 ya Watanzania wawe wanapikia nishati safi ifikapo 2034. Nyumbani kwangu tunapikia gesi. Lakini gesi haina moshi wa kuirudishia nyama mafuta yake, na mchoma ukimwambia aende kwenye gesi atakuuliza hiyo itakuwa nyama choma au nyama ya kupashwa. Sina jibu zuri. Tunachofanya ni kuwachagua wachoma wanaotumia jiko lenye ukingo mzito linalotunza joto, maana mkaa wao hudumu zaidi.

Sili nguruwe. Kuna hatari ya kuchanganyikana?

Kwenye njia ya kawaida hakuna kitimoto. Vituo vyetu vya mbuzi na ng'ombe ni vya nyama iliyochinjwa kwa utaratibu wa Kiislamu, na wavu hauingii nguruwe.

Wapenzi wa mdudu, au mbuzi katoliki kama wengine wanavyomwita, wana siku yao: kundi likikubaliana wote, tunabadilisha kituo cha mwisho. Akiwepo mtu mmoja asiyekula, hatubadilishi. Msinibembeleze njiani.

Wakati wa Ramadhani mnafanya?

Ndiyo, lakini tunaanza baada ya futari, na njia inafupishwa. Mihogo na ndizi vinakuwa vingi zaidi kuliko nyama, na nafikiri ndiyo jioni nzuri kuliko zote za mwaka.

Sili nyama wala samaki. Nije?

Njoo, lakini tuambie mapema. Kuna mihogo ya kuchoma inayopasuliwa katikati na kupakwa chumvi na pilipili, ndizi za kuchoma, viazi vitamu vya kufukia kwenye majivu, na mahindi msimu wake ukifika. Tutakuonjesha pia michembe na matobolwa, viazi vitamu vya Kisukuma vilivyokatwa na kukaushwa. Michembe hukaushwa vibichi, matobolwa huchemshwa kwanza. Bibi zetu waliviweka akiba kwa miezi ya njaa. Sasa vinauzwa kwenye vifuko na watoto wa mjini wanavitafuna kama biskuti.

Mwaloni utavumilia harufu tu.

Vipi kuhusu vinywaji?

Soda na maji vimo kwenye malipo. Bia unajilipia, na tunakuomba ianze kituo cha nyama, si mwaloni. Gongo hatukupeleki, hata ukisema ni kwa ajili ya utafiti. Ni kinyume cha sheria na ina madhara.

Ni salama usiku?

Tunapita mitaa yenye watu na taa, na kiongozi anajulikana. Simu usiishike mkononi ukiwa pembeni ya barabara kuu, hasa upande wa bodaboda. Mkoba vaa mbele sokoni. Mengine ni akili ya kawaida ya mtu aliyewahi kufika Kariakoo.

Na tumbo langu?

Kinachowaumiza watu tumbo mara nyingi si nyama iliyokaa motoni saa nzima. Ni kachumbari iliyokaa mezani tangu mchana, na mikono. Kachumbari tunaomba ikatwe tukiwepo. Mikono, utaletewa birika la maji ya moto, sabuni na beseni kabla sinia halijafika. Nawa vizuri na usione haya kuomba maji yaongezwe. Nyama inakuja imekatwakatwa, na chumvi pembeni, pilipili na ndimu, na wote mnakula sinia moja. Atakayetaka sahani yake atapewa.

Naweza kushuka majini kidogo, hata kunawa miguu?

Hapana. Maji ya ufukweni, hasa penye majani na konokono, yana kichocho, na kichocho kinaingia kupitia ngozi. Watu wa hapa wanashuka, ndiyo, na wengi wao wanakiugua. Ziwa litazame. Liko zuri vya kutosha ukiwa nchi kavu.

Mwezi gani ni mzuri kuja?

Juni hadi Septemba ni kiangazi, anga safi, jua la machweo lenye rangi. Mvua za vuli huja Oktoba hadi Desemba, masika Machi hadi Mei. Mvua ya Mwanza huja kwa kelele na kuondoka mapema, kwa hiyo hatufuti safari kwa wingu. Tuliwahi kuzimiwa jiko mara moja, mbuzi yuko nusu. Mchoma akamkata vipande, akamtia sufuriani na ndizi, ikawa mtori wa dharura. Wageni wale wanaulizia mtori mpaka leo.

Kuna siku pia wingu la wadudu wadogo kama mbu huinuka ziwani na kusogea nchi kavu kama moshi. Hawaumi, ila wanapenda taa na wanaingia kwenye kinywaji. Funika glasi.

Lakini ukiniuliza mimi, usitazame mwezi wa kalenda, tazama mwezi wa angani. Dagaa huvuliwa usiku wa giza kwa taa: mitumbwi inatoka jioni, inawasha, dagaa wanaifuata nuru. Ukija wakati mwezi haupo, utasimama ufukweni uone taa zimetapakaa ziwani kama mji mwingine umejengwa majini. Ukija mbalamwezi, taa hazipo, wavuvi wako nchi kavu wanashona nyavu, na mwaloni kunapoa. Faida ya mbalamwezi ni kwamba wavuvi wana muda wa kuongea.

Bei ni kiasi gani?

Ina sehemu mbili. Ya kwanza ni ya kiongozi na matembezi, hiyo haibadiliki. Ya pili ni ya chakula, nayo inafuata soko la wiki hiyo. Siwezi kuandika hapa bei ya mbuzi wa Desemba. Ukiuliza tunakuandikia hesabu yote, kilo kwa kilo, na ndiyo utakayolipa. Kwa simu au kwa fedha taslimu, vyote sawa. Kwenye baadhi ya majiko mitandao hugoma, kwa hiyo noti ndogondogo mfukoni si mbaya.

Anayebishana kuhusu bei ya samaki na mama aliyeamka saa kumi alfajiri kusubiri mitumbwi, abishane kwa adabu. Punguzo la kawaida lipo. La kumkomoa halipo.

Wachoma tuwape bahasha?

Si lazima. Ukifurahi, mpe mchoma mkononi, usimpe kiongozi akupelekee. Hata soda baridi inatosha. Mtu amesimama kwenye joto tangu saa nane mchana.

Naruhusiwa kupiga picha?

Chakula piga upendavyo. Watu, omba kwanza. Wavuvi na kina mama wa mwaloni wamechoka kuwa mandhari ya picha za wengine. Kwenye kivuko na bandarini ulizia kabla ya kutoa simu.

Sijui Kisukuma. Ni tatizo?

Hata kidogo, Kiswahili kinatosha. Ila ukitaka ndimu ya ziada bila kulipia, sema "mwadila" ukifika jioni, na "wabeja" ukiondoka. Asubuhi ni "mwangaluka". Kwa mzee anza na shikamoo kama kwingine kote. Nimeona mama mmoja aliyekataa kupunguza hata shilingi mia akiongeza kipande cha pili cha sato kwa sababu kijana wa Kimarekani alimwambia "wabeja sana" huku amekunja goti.

Naweza kuleta watoto?

Wa miaka saba na kuendelea wanafurahi sana, hasa mwaloni. Wadogo zaidi ya hapo mtawabeba nyinyi, na kituo cha mwisho ni saa tatu usiku, ambapo watakuwa wamelala juu ya bega na mbuzi anawasubiri bure.

Nikichelewa saa kumi?

Tunasubiri dakika kumi na tano. Baada ya hapo piga simu, tutakuambia tuko jiko lipi, utatukuta kwa bodaboda. Hutakosa chakula, utakosa kuchagua.

Kikibaki chakula naweza kubeba? Na dagaa wa kupeleka nyumbani?

Nyama hubaki mara chache, lakini ikibaki inafungwa. Mbuzi wa jana akipashwa juu ya kikaango kikavu asubuhi, na chai ya rangi, hana mpinzani.

Dagaa nunua mwaloni mwanzoni, tutawaacha kwa mwenye duka na kuwachukua mwishoni, maana hakuna atakayekubali kutembea na wewe kwa muda wa saa nne ukiwa umewabeba. Wakauke kabisa, wafungwe mfuko ndani ya mfuko, kisha ndani ya ndoo yenye mfuniko. Kama unaondoka na basi la alfajiri kutoka Nyegezi, ndoo iende buti la chini na usimwambie konda ni nini mpaka ameshafunga mlango.